Rubani aliyesema tungoje: uchambuzi wa kisa kimoja cha mapito

Kisa hiki kilitokea ndani ya mchezo wa hadithi wa mezani, ule unaochezwa kwa dadu, karatasi na maneno. Mtu mmoja anasimulia, na wengine wanne kila mmoja ana mhusika wake anayemwamulia la kufanya. Dunia yao ni ya kubuni. Ina miji iliyotenganishwa na nyika isiyopitika, na chini ya nyika hiyo kuna mapito: njia zinazofunguka kwenye visima vya kale, ambamo safari ya miezi miwili inaweza kwisha kwa siku tano. Anayeingia peke yake hatoki. Lazima awepo rubani wa mapito, na kazi hiyo katika dunia yao ina chama chake, viapo vyake na ujira mnono.

Siku kisa kinapoanza, msafara wa watu 11 umefika kisimani. Wahusika wa wachezaji ni mkuu wa msafara, tabibu, mlinzi na rubani. Saba waliobaki ni wapagazi, na hao husemewa na msimulizi. Wamebeba dawa ya homa inayomaliza watu katika mji ulioko upande wa pili. Dawa hiyo huharibika siku ya 12 tangu kuchemshwa, na siku tatu zimeshakwenda njiani kufika kisimani. Mapito yatachukua siku tano. Wana siku nne za akiba, basi, na kila siku katika hizo nne kuna watu wanaokufa kule wanakokwenda.

Hali nzuri kabisa kwa hadithi. Ina haraka, ina hofu, ina watu wa kuwahurumia. Kwa kanuni za mwanzo, ilikwisha ndani ya dakika moja. Rubani alikuwa na alama za kitu kilichoitwa nguvu ya kupenya. Pito lilikuwa na ugumu wake, alama 14. Mchezaji akarusha dadu, akajumlisha, akavuka ile 14 kwa mbali. Msimulizi akasema, "Mmefika." Mchezaji wa mlinzi, ambaye alikuwa ameshaandika kwenye karatasi yake kamba, mienge na mkuki, akauliza, "Ndiyo hivyo tu?"

Ndiyo ilikuwa hivyo tu. Na kama dadu ingekataa, kanuni zilisema msafara mzima umepotea, watu 11 wote, hadithi imekufa hapo hapo kisimani. Msimulizi akasimamisha mchezo, akaniletea mimi, mshauri wake, kanuni zake zote, na tukakubaliana kwamba hali ile ile ingechezwa upya kuanzia mdomo wa kisima baada ya kazi ya rubani kufumuliwa na kushonwa tena. Ndiyo maana kisa hiki kina ingia mbili za pito moja.

Kosa lilikuwa wapi? Wachezaji walilaumu dadu, nami naona waliionea. Kwa kanuni zile rubani alikuwa ufunguo wenye miguu. Mlango upo, ufunguo upo, mlango unafunguka au haufunguki, na wengine wote wanasimama nyuma wakisubiri. Mkuu wa msafara hakuwa na amri ya kutoa. Tabibu hakuwa na neno la kubishana. Hata rubani mwenyewe, ukimwangalia vizuri, hakuwa anafanya kazi yoyote: alikuwa na namba, na namba ikafanya kazi kwa niaba yake.

Wengi wanaobuni kazi za namna hii wakiona udhaifu huo hukimbilia kuongeza gharama. Rubani atoe damu. Rubani azeeke mwaka mmoja kwa kila safari. Rubani asahau jina la mama yake. Msimulizi naye alikuja na mapendekezo matatu ya aina hiyo, na nilimwambia wazi kwamba hayatasaidia. Gharama inageuza safari kuwa ununuzi. Unalipa, unapita. Mchezaji atahuzunika mara ya kwanza, mara ya pili atapiga hesabu, mara ya tatu atakuwa na akiba. Kilichokosekana ni maarifa, yaani jambo ambalo mtu analijua kwa sehemu, analitilia shaka, analazimika kuwaeleza wenzake, nao wanaweza kulikubali au kulikataa.

Kwa hiyo tuliwatazama warubani wa kweli. Mtu anayetaka kubuni kazi ya kusoma njia zisizoonekana hana haja ya kuanza na uchawi, kwa sababu binadamu wamewahi kuifanya kazi hiyo baharini kwa karne nyingi, na walivyoifanya kunashangaza kuliko uchawi mwingi wa kwenye vitabu.

Chukua mwaka 1976. Mtumbwi wa matanga mawili uitwao Hōkūleʻa, ulioundwa kama mitumbwi miwili iliyounganishwa, ulitoka Hawaii mwanzoni mwa Mei na kufika Tahiti mwanzoni mwa Juni, zaidi ya kilomita 4,000 za bahari kuu. Aliyeuongoza ni Mau Piailug, mzaliwa wa Satawal, kisiwa kidogo cha Mikronesia katika bahari ya Pasifiki. Hakutumia dira, hakutumia ramani, na maji yale hayakuwa ya kwao. Alizisoma nyota zinapochomoza na kuzama, ndege, rangi ya maji, na zaidi ya yote mawimbi makubwa yanayotoka mbali. Mawimbi hayo hayafuati upepo wa siku ile. Yanakuja kutoka pande zao za kudumu, yanapishana, na mtumbwi unacheza kwa namna fulani yanapougonga pamoja. Rubani aliyefundishwa vizuri huyatambua kwa mwili hata gizani, kwa jinsi mtumbwi unavyonesa chini yake.

Hilo tulilihamisha moja kwa moja. Ndani ya mapito hakuna jua wala nyota, kwa hiyo rubani anasoma kwa nyayo. Ardhi ya mle ndani inapumua kutoka pande tatu, na kila upande una mpigo wake. Akivua viatu na kusimama, anahisi mipigo hiyo. Ikipishana vizuri, anajua anaelekea wapi. Mpigo mmoja ukizimika, anajua ana shida, ila hajui bado ni shida gani. Kanuni ikawa hivi: msimulizi anampa rubani, kwa siri, karatasi yenye dalili tatu kabla ya kila siku ya safari. Mbili ni za kweli daima. Ya tatu inaweza kuwa ya uongo, na rubani hajui ni ipi.

Visiwa vya Marshall vilitupa kanuni ya pili. Warubani wa huko walitengeneza ramani za vijiti vilivyofungwa pamoja, magamba ya konokono wa baharini yakiwekwa kuonyesha visiwa, na vijiti vilivyopinda vikionyesha jinsi mawimbi yanavyogeuka yanapokikaribia kisiwa. Ramani hizo hazikupelekwa baharini. Mtu alizisoma nchi kavu, akazitia kichwani, akaziacha nyumbani. Nalipenda sana jambo hili, maana linaiweka elimu mahali pake, ndani ya mtu. Kwenye mchezo, rubani ana ramani ya vijiti anayoruhusiwa kuiangalia akiwa nje ya kisima. Akishaingia, karatasi inafunikwa, na hata mchezaji mwenyewe haruhusiwi kuifunua. Akikumbuka vibaya, amekumbuka vibaya.

Ipo pia namna ya kufikiri ya warubani wa visiwa vya Caroline, huko huko Mikronesia, iitwayo etak. Rubani anajihesabu yeye na mtumbwi wake kuwa wametulia pale pale, na visiwa ndivyo vinavyosogea. Anachagua kisiwa kimoja kilicho pembeni ya njia, ambacho huenda hata hakionekani, na anakifuatilia akilini kinavyohama kutoka chini ya nyota moja hadi chini ya nyota nyingine. Hivyo anajua safari imefika wapi. Tulijaribu kuifanya kanuni tukashindwa kuiandika kwa ufupi, tukaiacha kama lugha ya rubani: hasemi "tumekaribia mji", anasema "mji umesogea". Ni jambo dogo, lakini lilimpa mchezaji sauti ya mhusika wake kuanzia sentensi ya kwanza.

Yote hayo yangebaki mapambo bila kanuni ya mwisho, na hiyo ndiyo iliyokigeuza kisa. Inahusu wakati.

Tarehe 24 Aprili 1498 Vasco da Gama aliondoka Malindi akiwa na rubani aliyepewa na mtawala wa pale, mtu ambaye wanahistoria bado wanabishana alikuwa nani. Tarehe 20 Mei walitia nanga karibu na Calicut, pwani ya India. Siku 26. Walikuwa na upepo wa kusi nyuma yao na mtu aliyezijua saa zake. Walipotaka kurudi hawakungoja. Waliondoka pwani ya India mwanzoni mwa Oktoba, kabla kaskazi haijashika, wakakutana na shwari na pepo za mbele. Kuivuka bahari ile ile kuliwachukua karibu miezi mitatu; walifika tena Malindi tarehe 7 Januari 1499. Watu 30 walikufa katika kuvuka huko, wengi kwa kiseyeye, na kila merikebu ilibaki na mabaharia saba au wanane tu wenye nguvu ya kufanya kazi. Meli moja kati ya tatu, São Rafael, walilazimika kuichoma moto kwa kukosa watu wa kuiendesha.

Merikebu hazikubadilika, bahari haikubadilika. Kilichobadilika ni siku ya kung'oa nanga. Hapo ndipo nilipomwambia msimulizi jambo ninaloliamini kuhusu kazi hii, iwe ya kweli au ya kubuni: uwezo mkubwa wa rubani ni kukataa kuondoka. Yeyote anaweza kusema twende. Anayelipwa ni yule anayeweza kusimama mbele ya watu wenye haraka, wenye sababu nzuri za kuwa na haraka, akasema bado.

Kwa hiyo pito likapewa misimu. Lina kupwa na kujaa kwake, na rubani anaisoma kwa maji ya kisima. Maji meusi yaliyotulia, pito liko wazi. Maji yanayozunguka, pito linageuka, na anayeingia atalikuta limemgeukia.

Wakacheza upya. Watu ni wale wale, dawa ni ile ile, siku tatu zimeshakwenda.

Rubani akainama kisimani, msimulizi akamsukumia karatasi yake. Mchezaji aliisoma, akaikunja, akaiweka chini ya kiganja. "Maji yanazunguka," akasema. "Tungoje siku tatu."

Tabibu ndiye aliyelipuka kwanza. Akawakumbusha hesabu ya dawa: siku tatu za kungoja, tano za mapito, wangebakiwa na siku moja tu ya kuigawa mji mzima. Mkuu wa msafara akauliza kama rubani ana hakika. Rubani akajibu kwamba ana hakika dalili mbili kati ya tatu ni za kweli, ila hajui ni zipi. Mlinzi, ambaye katika ingia ya kwanza hakupata hata nafasi ya kusimama, akapendekeza ashushwe kisimani kwa kamba akaangalie. Rubani akamkatalia, akaeleza kwa nini: kamba ingemwonyesha mlango, na mlango haukuwa na tatizo.

Kisha tabibu akamgeukia. "Rubani, tukingoja, kule watu wanakufa. Tukiingia leo, nani anakufa?"

Mchezaji wa rubani alikaa kimya kidogo, kiganja bado kiko juu ya karatasi. "Sijui ni nani," akasema. "Najua si mmoja."

Hakuna dadu iliyorushwa hapo. Mabishano yale yalichukua sehemu kubwa ya usiku wao, na ndiyo yaliyoipa ingia ya pili uhai. Kila mhusika alipata neno la kusema kwa sababu rubani hakuwa na jibu zima. Alikuwa na sehemu ya jibu, na sehemu iliyokosekana ndiyo iliyowapa wengine nafasi ya kuwa watu.

Mkuu wa msafara akaamua: watangoja siku mbili, siyo tatu. Rubani akasema amesikia, akaomba iandikwe kwamba yeye alisema tatu. Ikaandikwa.

Siku nne za kwanza ndani zilikwenda salama. Siku ya tano, karatasi ya rubani ikasema mpigo wa upande wa kushoto umezimika. Akawaamuru wote washikane mikono, waache mizigo ya chakula, wakaze mwendo. Mpagazi wa mwisho kwenye mstari, aliyebeba nusu ya dawa, akaachia mkono ili aurekebishe mzigo begani. Walipogeuka, hakuwepo. Sauti yake ilisikika, karibu kabisa, ikitoka mahali ambapo hapakuwa na njia. Tabibu akataka kurudi. Rubani akakataa, akawatoa watu kumi pamoja na nusu ya dawa iliyobaki.

Hapo ukazuka ugomvi wa pili, na huu ulihusu kitu ambacho msimulizi hakuwa amekipanga: nani alikuwa na mamlaka? Mkuu wa msafara alisema amri ni yake, na yeye alitaka kusubiri kidogo. Rubani alisema mle ndani amri ya mtu asiyehisi ardhi ni kelele tu. Tabibu alimlaumu rubani kwa mpagazi. Rubani akawaonyesha yale maandishi: siku tatu.

Warubani wa kweli wameliishi swali hili. Katika safari ile ya Hōkūleʻa ya 1976 nahodha alikuwa mtu mwingine, na ndani ya chombo kulikuwa na mivutano mikali baina ya mabaharia. Mau aliufikisha mtumbwi Tahiti kama alivyoahidi, kisha akaondoka kurudi kwao. Safari ya kurudi Hawaii iliongozwa kwa vyombo vya kisasa. Na katika sheria za bahari za leo, rubani wa bandari anapopanda melini kwa kawaida anaongoza mwendo wake, lakini nahodha anabaki na dhamana ya meli na anaweza kumwondoa. Mfereji wa Panama una utaratibu tofauti: rubani wa mfereji ndiye mwenye mamlaka ya mwendo wa meli tangu inapoingia hadi inapotoka. Sababu yake inaeleweka. Njia ni finyu, makosa hayarekebishiki, na hakuna nafasi ya watu wawili kutoa amri mbili.

Niliwashauri wachezaji waandike mkataba unaosomwa kwa sauti mdomoni mwa kisima kabla mtu yeyote hajaweka mguu. Nje ya kisima, neno la mwisho ni la mkuu wa msafara. Anaweza kumsikiliza rubani au asimsikilize, na rubani anaweza kukataa kazi na kurudisha malipo. Ndani, neno la mwisho ni la rubani, bila mjadala, hadi atakapotamka kwamba wametoka. Mchezaji wa mkuu wa msafara hakuupenda, akiona anapokonywa mchezo wake. Naona amekosea. Uzito wa mhusika wake umehamia langoni, pale ambapo lazima aamue akijua kwamba baada ya hapo hana tena la kuamua. Ile nusu ya dawa iliyopotea ni matunda ya uamuzi wake wa siku mbili, na sasa anaubeba yeye, siyo dadu.

Kuhusu mpagazi, mchezaji wa rubani aliniuliza kama mhusika wake alifanya sawa. Kwa dalili alizokuwa nazo mkononi, ndiyo. Nilichomlaumu ni kwamba aliwaambia washikane mikono bila kuwaambia kwa nini. Mtu asiyejua sababu ya amri ataivunja mara tu bega likimuuma. Rubani anayejua peke yake ni hatari kwa msafara wake, hata akiwa na maarifa kiasi gani. Tuliongeza kanuni kwa ajili hiyo: kabla ya kuingia, rubani anachagua jambo moja katika karatasi yake analowafunulia wote, na kila mtu anayelijua anapata nafasi ya pili pale linapomkuta.

Jambo moja bado halijakaa sawa. Kwa kanuni hizi mpya, rubani akifa ndani, wote wamekwisha, na tumerudi kwenye tatizo la mwanzo kwa mlango wa nyuma. Nimependekeza kila rubani alazimike kuwa na mwanafunzi katika msafara, anayepewa dalili moja kati ya zile tatu. Viapo vya chama katika dunia yao vinakataza kumfundisha mtu wa nje, na msimulizi anataka kuvilinda viapo hivyo. Mau naye alifundisha watu wa nje, Wahawaii, wakati ambapo elimu yake ilikuwa inabaki kwa watu wachache sana. Mwaka 1980 Nainoa Thompson, mmoja wa wanafunzi wake, aliuongoza Hōkūleʻa hadi Tahiti na kurudi bila vyombo. Mchezaji wa rubani amesema mhusika wake atavunja kiapo na kumfundisha mlinzi. Chama kitamtafuta, na msimulizi tayari ameanza kuandika wale watakaotumwa.